Bibi Hakula Keki Zangu

Mimi ndiye mwenye kosa. Naanza na hilo ili usije ukanionea huruma mapema ukaishia njiani.

Nimechoka, ndugu msomaji. Nimechoka kutembea na jambo hili sokoni, jikoni, kitandani. Wacha nikuambie wewe ambaye hunijui. Majina nimeyabadilisha.

Ninaishi Butimba, na nyumbani nilikuwa naoka keki za kuuza. Si zile kubwa za harusi. Nilijifunza kwenye simu keki ndogo za Kifaransa, madeleni, zenye umbo la kombe upande mmoja na nundu upande wa pili. Wateja wangu wa Nyegezi walizipenda kwa sababu hakuna mwingine aliyezioka. Siri ya ile nundu ni baridi. Rojo la mayai, unga, sukari na siagi lazima lilale kwenye friji, ndipo asubuhi liingie kwenye oveni yenye moto mkali. Oveni nilikuwa nayo. Friji sikuwa nayo.

Friji ilikuwa ya jirani yangu, mama Rehema. Tumepanga nyumba moja, milango inatazamana. Aliniambia niweke chochote, muda wowote, hata yeye akiwa dukani kwake. Alinikataza kitu kimoja tu, kikopo cheupe kilichokaa rafu ya katikati. Ndani yake mlikuwa na chupa mbili za insulini za mama mkwe wake, Bibi Mwajuma, mgonjwa wa sukari, aliyechomwa sindano kila asubuhi kabla ya chai. Alisema hako usikasogeze. Nikamjibu sawa. Kwa shukrani, kila nilipooka niliwaachia sahani ya keki.

Basi nikapata oda ya sendoff, sherehe ya kumuaga bibi harusi, kubwa kuliko zote nilizowahi kupata. Rojo likajaa mabakuli mawili. Friji ya watu imejaa samaki wa sato na mboga, mama Rehema yuko dukani, Bibi amesinzia kwenye mkeka. Nikakichukua kile kikopo nikakisukumia kwenye friza pale juu. Nilijisemea nitakirudisha jioni. Jioni nikasahau! Mawazo yangu yote yalikuwa kwenye nundu.

Alfajiri nilipofuata mabakuli yangu nikakikuta. Dawa imeganda, chupa zote mbili, ngumu kama jiwe. Unajua nilifanya nini? Nilizishika viganjani, nikazipumulia mpaka zikayeyuka, nikazifuta kwa khanga, nikazirudisha mahali pake. Zilionekana vilevile. Nikajiambia dawa ni dawa, ingawa insulini ikishaganda huisha nguvu. Lakini nilichungulia kwanza kama kuna anayeniona, kwa hiyo nilijua.

Keki zilitoka nzuri siku ile kuliko siku zote. Hilo nalo linaniuma.

Haikupita wiki, Bibi akaanza kunywa maji kama mtu aliyetoka kulima. Akadhoofu. Kidonda kidogo cha kidole cha mguu kikagoma kupona. Hospitali wakapima, sukari iko juu sana. Daktari akauliza amekula nini. Bibi akasema ugali wa dona kidogo na mboga za majani, kama kawaida yake. Hakuna aliyemwamini, maana kwenye nyumba ile kulikuwa na sahani ya keki zangu.

Mama Rehema akaja mlangoni kwangu. "Jirani, nisaidie. Zile keki ulizotuachia zilikuwa ngapi?"

"Nane," nikasema.

"Nimezikuta mbili, na watoto wanasema hawajagusa."

Pale pale ndipo ningesema. Mtu yuko mbele yangu, ananiuliza! Mimi nikatikisa kichwa kwa masikitiko, kama shahidi mwema. Watoto ni watoto, hata kipofu angejua nani alizila, lakini kesi ikamwangukia Bibi.

Walimkata vidole viwili vya mguu. Hospitali wakampa dawa mpya, sukari ikashuka, na nyumbani wakasema mnaona, tumetia kufuli kabatini ndiyo maana amepata nafuu. Mtu mzima wa miaka sabini na zaidi akawa anapekuliwa mfuko wa gauni! Kila siku alisema hakula. Mwishowe akaacha kusema.

Kisha wakaamua aende Magu kwa mwanawe mkubwa, ambako hakuna mtu anayeoka keki. Asubuhi ya safari akaja kwangu anachechemea na fimbo yake. Nilidhani anakuja kuaga.

"Mwanangu, nisamehe," akasema. "Wewe ulikuwa unatuletea kwa wema. Labda nilikula nikasahau. Kichwa hiki kimezeeka."

Jamani! Nikamshika mkono nikamwambia, "Yameisha, Bibi." Nilimsamehe! Mimi, nilimsamehe yeye!

Sikuoka tena baada ya hapo. Nilijaribu mara mbili, lakini nikisikia harufu ya siagi inayeyuka, nazima oveni. Trei yangu ipo juu ya kabati, imeshika vumbi. Wateja wakaniuliza wakachoka.

Ilinichukua miezi minne kupanda gari kwenda Magu. Nilimkuta Bibi amekaa barazani na ungo, anachambua mchele. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba kwa furaha kabisa, akaagiza niletewe chai. Sikuingoja chai. Nikamweleza yote, friza, chupa, khanga, sahani. Vidole vyake havikuacha kuokota mawe kwenye mchele.

"Kwa hiyo sikula," akasema.

"Hukula, Bibi."

"Mpigie mama Rehema. Umwambie hivyo hivyo."

Nikapiga pale pale, yeye ananitazama. Nikasema neno kwa neno. Mama Rehema hakunitukana. Nikasikia anavuta pumzi, kisha akakata simu. Mpaka leo milango yetu inatazamana na hatusalimiani, na watoto wake wamekatazwa kukanyaga kwangu. Namwelewa. Mume wake alimfuata mama yake Magu, lakini Bibi amekataa kurudi.

Nilipokuwa naaga Bibi aliniuliza jambo moja, bila hasira, kama mtu anayetaka tu kujua.

"Na hizo keki zikoje? Maana mimi sijawahi kuzionja."

Nililia pale barazani, na yeye akaendelea na mchele wake.

Wewe unayesoma, pengine kuna kitu cha mtu umekiharibu ukakirudisha mahali pake kikionekana kizima. Usingoje, nakuomba. Mimi nilikuwa na alfajiri nzima mkononi, na duka la dawa liko barabarani hapo, dakika kumi kwa mguu. Nilitakiwa nigonge mlango niseme maneno machache tu: mama Rehema, nimegandisha dawa ya Bibi, msimchome. Ningegombezwa, na kufikia saa ya chai yangekuwa yamekwisha.