Shela Lisiloshika Uzi

Maji ya mawaridi watu wengi huyapenda. Mimi hunitapisha. Nikipita mbele ya duka la manukato hapa mtaani Nyamirambo hushika pua na kuongeza mwendo, na rafiki zangu hunicheka: "Rehema, wewe Mswahili gani usiyetaka kunukia?" Wacheke tu. Wao hawakukaa katika nyumba yetu ya mtaa wa Rwezamenyo msimu ule wa mvua za masika, mvua ilipopiga mabati kutwa kucha na tope jekundu likaingia hadi chini ya vitanda. Katika chumba cha ndani alikuwa amefungiwa dada yangu Mwamini. Mlango ulifungwa kwa nje, na ufunguo ulikaa kwenye pindo la khanga ya Bibi. Chini ya mlango ule ilipita harufu ya mawaridi, liwa na karafuu, na ndani yake harufu nyingine kali, kama dawa ya kufulia nguo iliyomwagikia nyama mbichi. Nilikuwa na miaka tisa. Nilijua mapema kwamba kuna jambo baya linapikwa mle ndani, ila wakubwa walikuwa wakipiga vigelegele, na mtoto akisikia vigelegele hunyamaza.

Kwetu rangi ilikuwa na vyeo. Bibi Salima, mamake baba, alikuwa maji ya kunde, na hakuchoka kutukumbusha kwamba babu yake alikuwa Mwarabu aliyefika na misafara ya biashara. Katika mitaa ya wenye nazo, kuitwa Mswahili kulikuwa tusi. Maana yake mjanja, mwongo, mtu wa uchochoroni. Bibi alilimeza tusi hilo huko nje, kisha akarudi kulitapika kwa mama yangu. Mama alitoka milimani, mweusi, fundi wa cherehani, amesilimu alipoolewa, hana hata kaka wa kumsemea. Kuku mgeni hakosi kamba mguuni, na kamba ya Mama ilikuwa mdomo wa Bibi. Mimi nilitoka na rangi ya baba, maji ya kunde, ile Wanyarwanda huiita inzobe, basi nilikuwa nikiitwa sebuleni kusalimia wageni. Mwamini alimfuata Mama, igikara, mweusi, naye wageni wakija alitumwa jikoni. Kaka yetu Idrisa alikuwa mweusi kuliko hata Mwamini, wala sikuwahi kusikia mtu akimsema. "Mwanamume uzuri wake uko mfukoni," Bibi alipenda kusema, na mfuko wenyewe, wallahi, ulikuwa mtupu.

Mwamini alibakiza mwaka mmoja amalize sekondari. Alitaka kuwa mkunga. Alikuwa akinifunga mto tumboni kwa khanga, ananilaza kwenye mkeka na kunipigia kelele, "Sukuma, mama, sukuma!" hadi nacheka nakosa pumzi, halafu anauchomoa mto, anaufuta uso na kutangaza kwamba ni msichana. Nilimpenda dada yangu kupita kiasi. Ndipo kijana mmoja alipomwona kwenye maulidi akamtaka, na kijana mwenyewe alikuwa mtoto wa Hajati, mama wa maduka ya jumla aliyekuwa amehamia kilima cha matajiri. Hajati alikuja kumtazama kwa gari lililoziba uchochoro wetu wote. Alimpokea Mwamini sinia la chai, akamshika kidevu, akamgeuza kuelekea dirishani kama mtu anayekagua kitambaa.

"Mtoto iko muzuri," akasema kwa Kiswahili chake cha mjini. "Adabu iko nayo. Lakini iko mweusi sana. Kule kwetu wageni ni bengi, batasema nimeleta mufanyakazi."

Mwanawe alikuwa amekaa pembeni yake, mweusi tii, anakunywa chai. Hakuna aliyemgeuza dirishani. Hajati akaendelea kwa upole kwamba Idrisa angepata kazi dukani, na kwamba nyumba ile tuliyopanga, inayovuja, si ya kukaa watu watakaokuwa jamaa zake. Akaweka kikombe chini. "Miezi mbili inatosha," akasema, na kila mtu mle ndani akaelewa inatosha kwa jambo gani. Bibi akacheka kicheko cha kubembeleza. "Ngozi ivute ili maji, Hajati. Utamkuta mwingine."

Kwetu mwari huwekwa ndani siku chache kabla ya harusi. Anasuguliwa singo, anafukizwa udi, anafundwa, na mtu haulizi yanayofanyika kwa mwari. Bibi alizivuta siku hizo zikawa miezi miwili, na ndani ya singo akatia mkorogo, dawa ya kuchubua ngozi. Matajiri walinunua wa kwao katika vikopo vilivyofungwa vizuri. Wa kwetu ulikorogwa kwenye ndoo na mwanamke mmoja wa mtaa wa Gitega, mchanganyiko wa mafuta ya tyubu hizi na zile, sabuni iliyosagwa na unga ambao hakumwambia mtu jina lake. Mama alipounusa aliacha kushona, akaja hadi mlangoni.

"Mama, dawa hii itamla mtoto."

"Ikimla itakula weusi," Bibi akamjibu bila kugeuka. "Au unataka aje kukaa kwenye cherehani kama wewe?"

Mama alirudi barazani. Baba alikuwa safarini na lori, njia ya Dar es Salaam, na kila alipopiga simu aliambiwa mwari hajambo. Mkono usioweza kuukata, ubusu. Nilimwona Mama akiubusu, na sitamlaumu mpaka naingia kaburini. Angesema nini, yeye aliyeambiwa kila siku kwamba weusi ule mtoto ameupata kwake?

Kazi yangu ilikuwa kuingiza beseni la maji Bibi alipofungua. Mwamini alikaa kwenye mkeka, dirisha limezibwa kwa blanketi maana jua lilikuwa likimchoma, na kioo Bibi alikuwa amekiondoa. Ngozi ya mashavu ilibambuka, ikawa nyekundu, halafu ikawa na weupe usio wa mtu yeyote niliyemjua. Viungo vya vidole vilibaki vyeusi vile vile, vikakataa katakata. Siku moja nilimletea mto tucheze, nikamwekea mapajani, naye akaruka kwa maumivu. Akaniomba radhi, yeye! Kisha akaniuliza kwa sauti ya chini, "Rehema, leo nafanana na nani?" Nikamwambia, "Na mimi." Akafumba macho, akasema, "Basi nimekaribia." Nilitoka na beseni.

Kulikuwa na shela la ukoo, la hariri nyeupe, ambalo bibi zake Bibi walikuja nalo. Lilikuwa limegeuka manjano kwa uzee. Bibi aliona aibu kulipeleka mbele ya watu wa Hajati, akaliloweka kwenye dawa ya kufulia, si mara moja, mpaka likang'aa. Akampa Mama alipinde upya. Nilikuwa nimekaa chini ya cherehani nikiokota sindano. Mama alikanyaga, sindano ikapita, na pale ilipopita shela likaachia, uzi ukabaki unaning'inia hewani. Akajaribu kwa mkono, polepole, uzi mwembamba, likaachia tena. Alilipakata shela lile muda mrefu, macho yake yakiwa kwenye mlango wa chumba cha ndani. Kisha akainuka akampelekea Bibi. "Mama, tazama. Nguo iliyoliwa na dawa haishiki uzi." Bibi akamwambia alibane kwa pini. Siku ya harusi lilibanwa kwa pini.

Harusi ilifana, siwezi kusema uongo. Mwamini alitolewa, uso wa maziwa na vidole vya makaa vilivyofichwa kwa hina nzito, na Hajati akapiga kigelegele cha kwanza mwenyewe. Idrisa alianza kazi dukani juma lile lile. Tulihama, paa halikuvuja tena, na Bibi akawa anatembea uchochoroni kidevu juu. Mwaka ulipopita kidogo, Mwamini akashikwa na uchungu wa kuzaa. Mtoto alikataa kutoka, wakampasua. Mtoto akatoka salama. Mama na mimi tulikuwa tumekaa kwenye benchi la hospitali wakati daktari, binti mdogo aliyechoka, alipokuja kutueleza kwamba kidonda kinakataa kufunga, kwamba wameshona na kurudia kushona. Mama hakulia. Alimuuliza tu, "Ngozi inaachia pale sindano inapopita?" Daktari akamtazama kwa mshangao, akasema ndiyo, mama, kila tunaposhona inaachia. Kidonda kilioza. Dada yangu, aliyetaka kuwa mkunga, alikufa kwa uzazi. Arobaini ilipokwisha, Hajati alimleta mtoto mwenyewe, msichana, mweusi kama Mwamini alivyozaliwa. Akampakatisha Mama. "Huyu iko wa kwenu," akasema, na gari likarudi kinyumenyume hadi barabarani.

Tulimwita Zamda. Tumemlea mimi na Mama, na sasa ni mwanamke mzima aliyemaliza masomo ya hoteli. Mji umebadilika. Uchochoro wetu wa zamani umetandikwa mawe, tope hakuna, mkorogo umepigwa marufuku na askari huukamata madukani. Hajati na Bibi wamekwishazikwa. Nilijidanganya kwamba na mambo yao yamezikwa nao. Leo Zamda amerudi kutoka kwenye usaili wa kazi ya mapokezi, hoteli kubwa kule kileleni. Wamemsifu Kiingereza chake, wamemsifu Kifaransa chake, wakamwambia wanatafuta msichana mwenye "mwonekano" na arudi baada ya wiki chache. Mwenzake wa kiume, aliyeishia kwenye "good morning", wamemchukua pale pale. Mwanangu ametoa mkobani kikopo kidogo chenye kifuniko cha dhahabu. "Mama mdogo, usianze. Huu si mkorogo. Unang'arisha tu."

Mama, ambaye macho yake sasa yamefifia, amekwenda sandukuni kwa kupapasa, akalitoa shela. Amempa Zamda sindano, akamwambia apige mshono mmoja tu. Zamda amepiga, shela limeachia. Amecheka, akambusu bibi yake kwenye paji la uso. "Bibi, nguo yenyewe imezeeka!" Ameingia chumbani.

Mvua imeanza. Mama amekaa na shela mapajani, uso wake ameuelekeza kwenye mlango, na chini ya mlango inapita harufu ya mawaridi. Nimeinuka, nimeshika kitasa, nimeita, "Zamda, fungua." Mlango wa Mwamini ulifungwa kwa nje, na ufunguo tulijua uko kwa nani. Huu umefungwa kwa ndani.