Drili Iliyochaguliwa Kama Mbuzi

Dukani Kakuma siku ile tulikuwa wanne: mimi, mdogo wangu wa kiume anayenifuata, shangazi yetu ambaye ni dada yake marehemu baba, na mwenye duka, Msomali aliyezaliwa hapo hapo kwenye kambi ya wakimbizi na anayezungumza Kiturkana kutushinda sisi wa Lodwar mjini. Ndani ya gunia nilikuwa nimebeba kipande cha zege ukubwa wa mkate, kilichovunjika kwenye linta, ile boriti ya zege juu ya dirisha, ya nyumba niliyokuwa naifanyia kazi.

Nyumba yenyewe iko Lorugum, safu ya vyumba vya kupangisha. Mimi ni fundi wa kufunga milango na grili za madirisha. Niliacha shule mama alipomfuata baba kaburini, nikapata kazi ya kufagia karakana ya mbao Lodwar, na kutoka kwenye ufagio nikahamia kwenye nyundo. Wadogo zangu wamesoma kwa nyundo hiyo. Lakini kwenye kiwanja cha Lorugum umeme ulikuwa haujafika, na mimi nilikuwa nakodi drili ya waya pamoja na jenereta ya jirani. Jenereta hiyo ilikuwa na mambo yake. Leo haina mafuta, kesho imepelekwa harusini, keshokutwa mwenyewe amekasirika na hataki kuonana na mtu.

Mwenye nyumba alichoka. "Dada," aliniambia, "wiki ijayo uje na mashine yako, ama nimwite fundi wa Kitale. Yule ana kila kitu."

Nilihitaji drili ya betri, tena ile ya kazi zote: inayokaza skrubu, inayotoboa mbao na chuma, na inayogonga huku inazunguka ili iingie kwenye zege. Isipogonga, hata uiegemee na mwili mzima, zege halina habari nayo. Bila mashine ya namna hiyo kazi ya Lorugum ingeondoka, na sikuwa na nyingine mbele yangu.

Shangazi ndiye aliyeniokoa, au ndivyo nilivyodhani. Anaishi nje kidogo ya Kakuma. Asubuhi hiyo alimpeleka sokoni mbuzi wake wa maziwa, akamuuza kwa ajili yangu, na pesa akaifunga kwenye ncha ya shuka. Kwetu, anayemtoa mnyama ana haki ya kutazama mnyama wake amegeuka kuwa nini. Hilo nilikuwa nalijua. Sikufikiri tu kwamba ataitazama drili jinsi anavyotazama mbuzi.

Mwenye duka aliweka drili mbili juu ya meza. Ya kwanza ilikuwa fupi, nyeusi, nzito mkononi, na shingoni ilikuwa na pete yenye alama tatu: skrubu, biti ya kutobolea na nyundo. Ilikuja na betri moja na chaja, basi. Ya pili ilikuwa ndani ya sanduku la njano. Ukifungua unaikuta imelala katikati, imezungukwa na biti za kila unene, vichwa vya skrubu, utepe wa kupimia, tochi ndogo, na betri mbili zilizoandikwa namba ya volti kubwa mno hivi kwamba mwenye duka mwenyewe aliona haya kuisoma. Pete yake ilikuwa na namba za kukaza tu. Alama ya nyundo haikuwepo.

Nilitoa kile kipande cha zege.

"Dada, hilo jiwe la nini?" mwenye duka akauliza. "Bei ikikushinda unipige nalo?"

"La kujaribia."

"Wallahi, watu huja dukani na watoto. Wewe umekuja na ukuta."

Mdogo wangu alicheka kuliko ilivyohitajika. Nikamwambia akikanyage kile kipande kisiruke. Drili nyeusi ilipiga kelele, vumbi likatoka, biti ikazama. Ile ya njano ilizunguka kwa ustaarabu, ikalia kidogo, ikaacha kidoa cheupe. Nikajua tumemaliza.

Shangazi hakuwa ametazama. Alikuwa amechuchumaa mbele ya sanduku, anachomoa biti moja moja, anazipima kwa kidole na kuzirudisha mahali pake.

"Huyu ana watoto," alisema.

"Shangazi, hizo ni biti tu."

"Naona. Na yule mweusi ana nini?"

"Ana nguvu."

"Mimi nimetoa mbuzi mwenye maziwa. Unataka nirudi nyumbani niwaambie nimeletewa dume moja, halina kitu, lina kelele?"

"Shangazi, hilo dume ndilo linaingia ukutani," mdogo wangu akasema.

"Wewe nyamaza. Wewe na pikipiki yako, hata mbuzi akikaa barabarani unampigia honi."

Nilimwonyesha ile pete na alama ya nyundo. Nilimshika mkono nikakipeleka kidole chake kwenye tundu, kisha kwenye kidoa. Alisema drili ya njano bado ngeni, na mnyama mgeni naye siku ya kwanza hukataa kunywa. Joto la duka lilikuwa limenipanda kichwani. Nikamtazama mwenye duka anisaidie.

"Mama," akasema, "mimi nauza zote mbili. Lakini huyu dada ndiye fundi."

"Mbuzi alikuwa wa nani?" shangazi akamuuliza.

Mwenye duka akafunga sanduku la njano, akatafuta mfuko.

Ningeweza kukataa. Lakini mama alipokufa, ni shangazi huyu aliyekuja Lodwar na kibuyu cha maziwa, akakaa nasi mpaka mdogo wetu wa mwisho akaacha kulia usiku. Mtu kama huyo humwaibishi mbele ya mwenye duka. Tulipotoka nje mdogo wangu akasema, "Dada, ungesema tu hapana."

"Rudi ukamwambie wewe."

Hakurudi.

Milango ya Lorugum haikunipa taabu. Sitaki kuidhulumu drili ile: kwenye fremu za mbao ilikaza skrubu vizuri kabisa. Kisha nikafika madirishani, na grili hushikwa kwenye linta. Biti iligeuka rangi ya bluu nchani. Betri ikachemka. Nikaipeleka kwenye kibanda cha kuchaji simu kwa sola, na chaja ikawasha taa nyekundu ikakataa, kwa sababu haichaji betri yenye joto. Lorugum mchana, kitu gani hakina joto? Nikawa nazifunga betri kwenye plastiki na kuzilaza kwenye mchanga wenye unyevu chini ya mtungi wa maji. Zinapoa, zinachaji, narudi juu ya ngazi, zinachemka. Nilitamani kuitupa drili mtoni, na mto wenyewe ulikuwa mkavu.

Mwenye nyumba alikuja akasimama chini ya ngazi.

"Ndiyo hii mashine?"

"Ndiyo."

Akaizungusha mkononi. "Ni nzuri. Ina tochi."

Sijawahi kutukanwa kwa adabu namna ile. Nilichukua tindo na nyundo nikaanza kuchimba zege kwa mkono, dirisha baada ya dirisha, mpaka vidole vikavimba nikashindwa kufunga vifungo vya shati. Sikuacha. Lakini nilikwenda polepole, na wapangaji walikuwa wanangoja. Mwishowe mwenye nyumba aliniachia milango, na grili zilizobaki akampa fundi wa Kitale. Huyo alinisalimia vizuri, akapanda ngazi yangu, akatoboa. Saa ya chai aliniuliza kama nina biti ya mbao, zake zilikuwa zimevunjika. Nilimpa. Nilikuwa nazo nyingi.

Kwa malipo ya nusu kazi sikuweza kununua mbuzi wa maziwa. Nilinunua jike mchanga ambaye hajazaa, nikampakia kwenye pikapu hadi Kakuma. Shangazi alimpapasa kiwele, akamfungua mdomo, akatazama meno.

"Ejok," alisema, neno letu la kusema vizuri na la kusalimiana. "Huyu ni salamu." Akamwingiza zizini pamoja na wenzake. "Yule wa maziwa nitamngoja."

"Shangazi, huyu naye atazaa."

"Akizaa, atakuwa ni salamu iliyozaa."

Niliitikia. Kesho yake nikarudi Lodwar kuuliza nani anajenga kwa mbao.