Bi Kasema Nani na riwaya ya mama yake

Saa mbili asubuhi, na chai yake imeshapoa mezani. Mkono mmoja umeshika miwani, mwingine unasogeza rula chini ya mstari wa majina: fulani kapokea kwa fulani, naye kwa fulani. Rula inasimama. Anafungua kitabu kinene cha habari za wapokezi wa hadithi, anatafuta miaka miwili tu: mwalimu alifariki lini, mwanafunzi alizaliwa lini.

"Huyu alikuwa na miaka minne mwalimu wake alipokufa, tena wakiishi miji mbalimbali," anasema. "Sasa kasikia nini huyo?"

Anaandika "dhaifu" kwa penseli, anageuza ukurasa.

Bi Kasema Nani, kama majirani wanavyomwita, ana miaka hamsini na mbili. Kazi yake ni kuhakiki hadithi za Mtume katika duka dogo linalochapisha vitabu vya dini. Jina hilo kajitakia mwenyewe: ukimpelekea umbea, hakuachii mpaka umtaje uliyemsikia. Siku njema humaliza riwaya sita, yaani hadithi pamoja na majina ya waliozipokea. Siku mbaya hata moja humshinda.

Mwezi uliopita alifikia riwaya namba 812, akaitambua kabla hajaimaliza. Ni maneno ya kumfariji mfiwa. Marehemu baba yake alimfundisha mama yake siku walipomzika mtoto wao wa kwanza, na mama ameyasoma kila alfajiri kwa miaka hamsini na mitano.

Aliikagua mara tatu. Katikati ya wapokezi alikaa mtu ambaye wanazuoni wamemwandika kuwa ni mzushi wa hadithi.

"Nilitamani nimruke," anakiri. "Nani angejua? Lakini ningekuwa na tofauti gani na yeye?"

Ijumaa alihukumu kuwa riwaya hiyo si sahihi. Jumamosi akaenda kumweleza mama.

"Kwa hiyo baba yako alikuwa muongo?" mama aliuliza, huku akikunja nguo.

"Hasha, mama. Baba alifikisha alichosikia. Tatizo liko huko nyuma, mamia ya miaka kabla yake."

Mama aliendelea kukunja. Aliyelia ni binti.

"Hebu futa machozi," mama akamwambia. "Mume wangu mkweli, inatosha. Hao wengine sikuolewa nao. Ila sasa, mwanangu, nisome nini?"

Swali hilo ndilo linalomchelewesha kazini siku hizi. Anakusanya riwaya sahihi za kuwafariji wafiwa, na amepata kumi na tisa. Anataka zitoke kwenye kijitabu cha herufi kubwa kabla macho ya mama hayajakataa kabisa.

Kila Jumamosi humpelekea ukurasa mmoja. Mama huusogeza dirishani, na haanzi na maneno yenyewe. Huanza na majina.

"Huyu wa tatu," huuliza, kidole kikiwa juu ya mstari, "kweli alikutana na mwalimu wake?"

Akishajibiwa, ndipo humsomea mwanawe.