Mama Aliponililia Kwenye Sinema

Siku yangu ya kwanza kazini nilikufa. Ilikuwa Temeke, wakati wa Mwingereza, katika nyumba ya makuti iliyokodiwa na wapiga sinema. Nilidhani ningepewa maneno ya kusema, kumbe mwongozaji, yaani bwana mkubwa anayepanga nani akae wapi na afanye nini, alikuwa anatafuta mtu mwembamba wa kulala kitandani. Sinema zile zilifundisha watu usafi na tiba, kwa hiyo lazima mmoja akatae kwenda hospitali, afe. Mmoja huyo nikawa mimi, miaka nenda rudi.

Ninyi vijana mkisikia mwigizaji mnamfikiria mhusika mkuu. Sisi tulikuwa wa pembeni, na kazi ya maiti si mchezo. Mtu hugonga vibao viwili mbele ya kamera kutia alama mwanzo wa kipande, na tangu hapo unabana pumzi mpaka usikie "Kata!" Nzi akitua puani, mwache ajitembelee. Mkanda wa filamu ulikuja kwa meli na ulikuwa ghali.

"Wewe tikisika kidogo tu," mwongozaji aliniambia, "kesho mimi tafuta maiti ingine."

Lakini mimi nilimwogopa mama kuliko yeye. Mama yangu, kule kwetu Mwananyamala, alidhani nabeba masanduku ya kamera. Akisikia navishwa sanda nikiwa hai, je, radhi zake ningezipata tena? Kila gari la sinema lilipopita likitangaza onyesho, nilikimbia kuuliza linaelekea mtaa gani.

Siku moja likaja mtaani kwetu. Kitambaa cheupe kikatundikwa uwanjani, na mama akaketi mbele na majirani zake. Nilipotokea nimelazwa, wanawake wakapiga mayowe. Nikapenya mbio katikati ya watu.

"Mama! Mie hapa, mzima!"

Akanipapasa uso. Kisha akageukia kitambaa, ambako mwanamke mmoja alikuwa ananililia.

"Yule nani?"

"Kakodiwa tu, mama. Anaigiza mama yangu."

"Analia kama kaibiwa kuku! Mwambie bwana wako, ukifa tena nakulilia mie."

Nilitumaini yataisha. Hayakuisha. Sinema iliyofuata alijitanda kanga, akanifuata mpaka Temeke, na mwongozaji akamkubali. Nililala pale nikiomba asije akanifukuzisha kazi. Vibao vikagongwa.

Mama akaanza na jina langu. Kisha akawataja ndugu zangu wawili waliofariki kabla sijazaliwa, ambao sikuwahi kumsikia akiwataja. Mwongozaji akasema "Kata!" Mama hakunyamaza. Mwongozaji akasema tena, kwa sauti ya chini, kisha akavua kofia yake. Nikaamka na sanda yangu, nikamkumbatia.

"Basi, mama. Mie mzima."

"Najua," akasema. "Niache nimalize."

Tukamwacha, kazi nzima ikasimama.

Baada ya hapo nilikufa chini ya waongozaji wengine wengi, mpaka nikastaafu na kiuno changu kibovu. Mama hakuja tena, wala hakunikataza. Vijana huniuliza kama bado naogopa kifo baada ya mazoezi yote yale. Naogopa, tena sana. Siku yangu itakapofika watanililia wanangu na wajukuu, watu wema, na wakiambiwa basi watanyamaza. Wa kukataa kunyamaza nilishamzika.