Mwalimu Kebaso na Sababu Tano za Kanada

Mwalimu Kebaso hajawahi kupanda ndege, na sidhani amewahi kufika mbali kuliko Nakuru, lakini mito ya Kanada anaijua kuliko mimi ninavyojua njia ya kwetu. Alitufundisha jiografia na historia katika shule ya upili ya kutwa iliyo ukingoni mwa shamba la chai, sisi watoto wa wachumaji. Ubao wetu ulikuwa na ufa katikati, na ufa huo aliufanya mto Misisipi. Ramani yote ya Amerika aliichora kuufuata. Nikikumbuka hayo nacheka, halafu hasira inanipanda.

Hasira, kwa sababu mtu huyu alijua habari za kila shamba kubwa duniani isipokuwa lile alilolala ndani yake. Mganga hajigangi.

Alitoka Gusii akiwa kijana aliyemaliza kidato cha sita, akimfuata mkewe Mongina aliyekuwa amepata kazi ya kuchuma chai huku Kericho. Shule ikamchukua kwa muda. Muda huo ukawa miaka thelathini na moja, na serikali haikumwajiri hata siku moja. Wazazi walimlipa walipokumbuka. Nyumba ilikuwa ya Mongina. Katika mashamba haya nyumba hufuata jina lililo kwenye orodha ya wafanyakazi. Jina likitoka, nawe unatoka. Kwao Gusii, kipande cha baba yake kilikuwa kimegawanywa na ndugu hadi mahali pa kufunga mbuzi hapakubaki. Binti yao Nyatichi ameolewa Kaplong, ana watoto wanne na chumba kimoja. Kwa hiyo Mwalimu alikuwa na paa moja tu duniani, na paa hilo lilining'inia kwenye vidole vya mke wake.

Mimi ni Amondi. Ninashona nguo penye geti la kiwanda, na mume wangu Joab ni fundi wa mitambo humo, ndiyo maana sisi bado tupo. Ukuta wetu na wa Mwalimu ulikuwa mmoja. Jioni nilimsikia akimfundisha Mongina hata wakati wa kula.

"Mama Nyatichi, unajua Barbados? Watumwa waliachiliwa, lakini ardhi yote ilibaki ya matajiri wa miwa. Jamaika watu walipanda milimani, wakaanzisha vijiji vyao. Barbados ni kisiwa kidogo, hakuna mahali pa kwenda. Wakakaa tu kwa shamba la tajiri, wakajenga vijumba vya mbao juu ya mawe, bila msingi. Wakifukuzwa, wanabomoa nyumba, wanaibeba na mkokoteni."

"Hao walikuwa na bahati," Mongina akajibu. "Hii yetu ni ya mawe. Kula, ugali inapoa."

Somo alilolipenda kuliko yote lilikuwa ngano ya Kanada. Alikuja darasani siku hiyo amevaa tai. Sababu za ufanisi wa ngano katika mbuga za Kanada zilikuwa tano, na tuliziimba kama pambio: udongo mweusi wenye rutuba, ardhi tambarare, reli, mashine, na watu wachache. "Watu wachache!" alikuwa akirudia, akigonga ubao. "Mashine inapita bila kusumbuliwa na mtu!"

Siku moja Kipkoech, aliyekaa nami dawati moja, akainua mkono. Nyanya yake Kipkoech alizaliwa juu ya kilima kile ambacho leo ni chai tupu, kabla wazungu hawajawaondoa watu pale. Hapa kwetu kila mtu anajua hivyo.

"Mwalimu, na wale walikuwa hapo kabla ya ngano, walienda wapi?"

Mwalimu Kebaso akatazama ubao, akatazama saa.

"Hiyo haiko kwa mtihani," akasema. "Andika sababu ya tano."

Kipkoech akaandika. Nami nikaandika. Miaka mingi baadaye nilikuja kusoma mwenyewe kwamba watu wale, Wakrii na wenzao, walikuwa wamesukumwa kwenye vipande vya ardhi, nyati wao wakiwa wamekwishapigwa risasi, njaa ikiwa ndiyo iliyowafanya watie saini mikataba ya kuiacha ardhi yao. Tungeelezwa kwa dakika mbili tu.

Tulipokuwa watu wazima, mashine za kuchuma chai zilianza kwenye vipande vya mbali, tukazisikia kabla ya kuziona. Kisha zikaja karibu. Mstari wa wachumaji uliokuwa ukijaza mteremko mzima asubuhi ukawa watu kumi, kisha wanne wenye miwani ya plastiki, mashine mikononi. Familia zikahama kambi moja baada ya nyingine. Shule ikabaki na wanafunzi wa kuhesabu kwa vidole.

Mwezi wa nne ikatangazwa kwamba shamba litachagua wachumaji wachache wa kufunzwa mashine, baada ya intavyuu. Wengine wote watapewa barua ya kuachishwa kazi. Mongina alikuwa na miaka hamsini na mitatu, na goti lililokuwa likilia akipanda ngazi. Lakini Mwalimu alifurahi mpaka nikamwonea haya.

"Intavyuu ni mtihani," aliniambia kwenye bomba la maji. "Na mtihani ni kazi yangu, Amondi."

Wiki nzima nilisikia kupitia ukutani. Faida nne za mashine. Historia ya mashine za kuvunia ngano katika Saskachewani, huko huko Kanada. Mongina, mwanamke aliyeacha shule darasa la sita, alijibu akiwa anapepeta maharagwe, na kwa kweli alizijua zote. Siku ya Alhamisi hata mimi nikaanza kuamini. Nilimshonea kola mpya, bure.

Intavyuu ilichukua muda wa kufunga kamba za viatu. Waliwapanga wanawake mbele ya stoo. Wakamuuliza Mongina umri wake, wakamwambia ainue mashine, atembee nayo mpaka kwenye mti na kurudi. Aliinua. Alifika nusu ya njia, goti likakataa.

"Hawakuniuliza kitu," alimwambia mumewe aliyekuwa akimngoja nje. "Ile ya Kanada yote, hawakuuliza."

Mwalimu alisimama pale na daftari lake mkononi. Nilitaka kumpiga na nilitaka kumkumbatia, sijui ni kipi kilitangulia.

Barua zilitolewa Jumatatu. Aliyezigawa alikuwa Kipkoech, siku hizi afisa wa wafanyakazi, mpole, anayesalimia wazee kwa mikono miwili. Alimpa Mongina bahasha yake vivyo hivyo, kwa mikono miwili. Mongina hakuifungua. Alimrudishia tu kikapu cha kuchumia, akageuka kwenda nyumbani kufungua kitanda vipande vipande, tayari kwa kuhama.

Mwalimu akabaki na bahasha, akaifungua, akasoma. Nilikuwa hatua tano nyuma, na kitambaa begani.

"Kipkoech, mwanangu. Hii inasema siku saba."

"Ndiyo, Mwalimu. Pole sana."

"Tutaenda wapi?"

Kipkoech aliichukua barua, akaisoma upya kutoka juu mpaka chini, kwa uangalifu, kama mtu anayetaka kweli kusaidia.

"Imeandikwa tu tarehe ya kurudisha funguo," akasema. "Mahali pa kwenda haiko kwa barua, Mwalimu."

Nilimwona Mwalimu akishtuka. Alikitazama kilima nyuma ya ofisi, chai yake imekatwa sawasawa na mashine, hakuna mtu hata mmoja juu yake. Akainamisha kichwa. Aliponyanyua uso alikuwa amezeeka.

"Ulikuwa umeniuliza," akasema. "Ile siku, darasani. Nilikujibu vibaya, mwanangu. Unisamehe."

Kipkoech alikunja uso, akafikiri, akamtazama mwalimu wake kwa heshima yote.

"Siku gani hiyo, Mwalimu?"

Hakuwa anajifanya. Hakukumbuka swali wala jibu. Alikumbuka zile sababu tano tu. Katika darasa letu lote, yeye ndiye aliyepata A ya jiografia.