Babu Aliyeitikia Sinema

Sisi tuliokulia Tabora wakati wa Mwingereza tuliikuta sinema haina sauti. Tuliitazama Jumapili alasiri ndani ya ghala la ngozi la Mhindi mmoja, milango imefungwa, shuka jeupe limetundikwa ukutani, harufu ya ngozi inatuchoma pua. Wanaume kulia, wanawake kushoto, sisi watoto chini kabisa mbele, tunatafuna karanga.

Maneno alituletea Kasanda, mkalimani, kwa bomba lake la bati la kupazia sauti. Kiingereza hakukijua hata kidogo. Akiona midomo ya Wazungu inacheza, anatunga. Wakibusiana, anatangaza kwamba binti ameingiwa na mdudu jichoni, na wazee wanaridhika.

Kasanda huyo alimtaka shangazi yangu Mwajuma. Babu alikuwa amemrudisha mshenga wake mara tatu. "Huyo mali yake ni mdomo," alisema. Mwisho wa mwezi ule shangazi alikuwa aozwe kwa mfugaji mmoja wa Igunga, mtu mzima ambaye hakuwahi hata kumwona.

Jumapili hiyo picha ilikuwa ya kijana mwembamba aliyempenda binti wa bwana mmoja mwenye kitambi. Alitumbukia kwenye pipa, akafukuzwa na mbwa, tukacheka mbavu hatuna. Mwishowe akapiga goti mbele ya baba wa binti, kofia mkononi. Bomba likanguruma: "Shikamoo, baba!"

"Marahaba," akaitikia babu kwa sauti. Mazoea, jamani. Nani angeiacha shikamoo hewani?

"Mshenga wangu umemrudisha mara tatu," Kasanda akaendelea. "Leo nimekuja mwenyewe. Namtaka Mwajuma."

Loo! Ghala zima liligeuka. Babu akasimama mbele ya mwanga wa mashine ya sinema, kivuli chake kikamfunika yule Mzungu. "Nimeitikia salamu. Mtoto sijatoa!"

Ndipo shangazi akasema kutoka upande wa wanawake: "Baba, nami namtaka."

Tulirudi nyumbani. Uani babu akamuuliza shangazi, bila ukali: "Lile neno lilikuwa lako, au yule amekutilia mdomoni?"

"Langu, baba."

"Basi. Igunga nitapeleka habari mwenyewe."

Siku hizi sinema zinajisemea, na wajukuu wangu wanatumiana mioyo myekundu kwenye simu mchana kutwa, kisha wanaifuta. Sina ugomvi nao. Ila sijamsikia hata mmoja akiulizwa swali lile la babu, wala akilijibu kama shangazi.