Siku Harith Aliposhua Manowari

Kwa mwaka mzima, Wapemba wa London wakitaka kucheka walikuwa na jina moja la kutaja: Harith, Nahodha wa Chini ya Maji. Walimwita hivyo kwenye harusi za Barking, wakamwita hivyo msikitini watu wakitafuta viatu vyao, na kuna mpuuzi mmoja wa Croydon, Talib, aliyempigia simu siku ya Idi kumuuliza kama huko chini mtandao unashika. Harith alicheka nao mwanzoni. Baadaye akaacha kwenda harusini.

Kosa lake lilikuwa kuzamisha manowari mbele ya watu aliowaalika mwenyewe.

Manowari yenyewe ilikuwa ya mfano, ndefu kama mtoto wa miaka saba akilala, na aliiunda sebuleni kwake Hayes. Mchana Harith huendesha forklifti kwenye ghala la mizigo karibu na Heathrow. Jioni huunda. Wazo alilipata zamani, alipompeleka binti yake Afra maktaba na kufungua kitabu kimoja ili tu kupitisha muda. Kilihusu vita vya Wamarekani wenyewe kwa wenyewe katika karne ya kumi na tisa, na ndani yake mlikuwa na picha ya chombo ambacho hajapata kuona mfano wake: manowari ya mtoni, mbavu za mbao zilizovikwa mabamba ya chuma, kuta zimelala mshazari ili mizinga ya adui iteleze, tumbo bapa la kupitia maji haba, na gurudumu la kuisukuma limefichwa ndani. Manowari za namna hiyo watu waliziita kobe. Ziliundwa kwa mtindo mmoja, zikafanana mno, hata ikabidi kila moja ipakwe ukanda wa rangi yake kwenye mabomba ya moshi ili ijulikane.

Lakini kilichomshika Harith hakikuwa chuma. Kitabu kilisema watumwa walitoroka mashambani wakakimbilia ukingoni mwa mto kuzipungia mkono zile manowari, na wengi waliopokelewa wakabaki humo humo, wakachochea makaa, wakashika na mizinga. Kipande kile alikisoma akiwa amesimama. Naye aliondoka Pemba mwaka 2001, baada ya machafuko ya uchaguzi, na nguo alizovaa, akavushwa mpaka Shimoni, pwani ya Kenya, na watu asiowajua. Anajua moyo unavyokwenda mbio ukiwa umesimama ufukweni, hujui kama waliomo chomboni watakupokea au watakupita. Alikifunga kitabu akasema, "Hii nitaiunda."

Na aliiunda kwa namna aliyoijua. Wenzake wa klabu ya vyombo vya mfano hutumia plastiki na gundi. Harith, ambaye mjomba wake alikuwa fundi wa kalafati kule Wete, alichana mbao za kabati lililotupwa, akazipanga ubavu kwa ubavu, kisha akashindilia kwenye kila mshono pamba iliyochovywa mafuta ili maji yasipite. Mabamba aliyakata kwenye makopo ya biskuti za Idi, pamoja na lile ambalo mkewe Mardhiya alikuwa akiwekea nyuzi. Hilo halijasamehewa mpaka leo.

Matokeo mnayajua. Mwaka jana, siku ya maonyesho ya klabu, ilifika katikati ya ziwa la bustani ikainamisha pua na kwenda zake. Leonard, mwenyekiti wa klabu, aliingia majini na mabuti yake marefu akaitoa. Leonard ni mzee mwema, ila sheria za klabu anazipenda kama wajukuu, na sheria inasema chombo kikizama mara mbili hakirudi tena ziwani. Harith alibakiwa na nafasi moja. Ikizama tena, manowari itakwenda kwenye jaa, na yeye ataitwa Nahodha wa Chini ya Maji mpaka siku ya kuzikwa.

Majira yote ya baridi aliirudia kalafati, pamba mpya, mafuta mapya, na kila baada ya siku chache mishono ilifunguka tena. Wiki moja kabla ya maonyesho Mardhiya alipita sebuleni na sinia la chai, akasimama.

"Baba Afra, hii manowari yako unaianika?"

"Naitunza isipate unyevu."

"Unyevu! Mwaka mzima umeiegemeza kwenye hita, imekauka kama samaki wa ng'onda! Kwani kwetu chombo kikikaa juu siku nyingi hufanywaje?"

Harith aliitazama hita, akaitazama manowari. Aliona haya mpaka masikioni.

"Humwagiwa maji," alisema taratibu. "Mbao zivimbe, zibane pamba."

"Ehe. Na weye unaipikia moto."

Ndivyo ilivyokuwa. Pemba hakuna hita, kwa hiyo hakuna aliyewahi kumwonya. Alikuwa anakinyima maji kitu kinachoyahitaji.

Jioni ile ile manowari iliingia bafuni na bafu likajazwa. Familia ikawa inakwenda kuoga kwa Gurdial, jirani wa mlango wa pili, ambaye alitoa ufunguo wake bila kuuliza maswali. Afra alivuka ukumbi na taulo begani, amenuna. "Baba, this is so embarrassing," alisema, lakini Harith alimkuta baadaye amepiga magoti bafuni anachungulia mishono kwa tochi ya simu. Siku ya kwanza maji yaliingia mpaka nusu. Siku zilizofuata yalipungua. Usiku wa kuamkia maonyesho yalikuwa ya kujaza kikombe cha kahawa, na kikombe cha kahawa kinatosha kumnyima mtu usingizi.

Harith alitaka kwenda kimya kimya. Mardhiya hakutaka kusikia.

"Chombo hakishuliwi na mtu mmoja kama mwizi. Hushuliwa na watu, kwa dua na chakula. Mwaka jana uliwaita watazame. Mwaka huu waje wavute."

Akashika simu. Wakaja wote, Barking, Croydon, mpaka waliohamia nje ya mji, na vyungu vya biriani na masinia ya sambusa. Manowari ambayo Afra angeweza kuibeba peke yake ilifungwa kamba nene, na kamba ikashikwa na ukoo mzima. Ikasomwa Fatiha. Leonard aliuliza kwa adabu kama yote haya ni lazima.

"Very lazima, sir," alijibu Talib wa Croydon. "Shika hapa."

Leonard akashika. Wakaivuta kwa nyimbo juu ya majani mpaka ikagusa maji, na Harith akawasha rimoti.

Ilikwenda. Gurudumu lilizunguka tumboni, moshi wa ubani ukatoka kwenye mabomba yenye ukanda mwekundu. Ilipofika katikati ya ziwa nyimbo zilikoma zenyewe. Mardhiya alikuwa anasoma dua kwa sauti bila kujijua. Pua ikacheza kidogo, kisha ikanyooka ikapita. Mbele, kwenye matete na maji haba, meli mbili za fahari za wanaklabu zilikuwa zimekwama matopeni. Kobe akateleza kati yao na tumbo lake bapa, akalizunguka boya la mwisho, akageuka nyumbani. Kelele zilizopigwa hapo ziliwarusha bata wote wa bustani ile.

Ilipogusa ukingo watu walitaka kuinyanyua. Leonard akawazuia, sheria inataka kwanza chombo kikaguliwe ndani. Harith alifungua kifuniko, kisha akarudi nyuma hatua moja. Mardhiya akakunja baibui mpaka begani, akaingiza mkono wake ndani mpaka kwenye kiwiko, akapapasa kila pembe bila haraka, akautoa na kuunyoosha juu watu wote wauone.

"Mkavu!" alipiga kelele. "Mkavu, wallahi!"

Harith alilia mbele za watu, na hakujifuta. Leonard akampa mkono, akamwambia imefuzu, anaweza kuitoa majini sasa. Harith akatikisa kichwa, akaisukuma manowari kutoka ukingoni, akaipeleka tena katikati ya ziwa.